Filamu ya Elena Yafika Bwera

Baba Elena wangu mpenzi,

Salamu nyingi kutoka kwa mama yako. Jana usingemtambua!

Binti yetu alionyesha filamu yake katika ukumbi wa parokia hapa Bwera. Watu walijaa, hata wa kutoka Kasese. Mama yako alikaa mbele amenuna. Unajua hakuwahi kumsamehe Elena kwa kuacha udaktari na kwenda kuandika hadithi za sinema, na ile tuzo ya Hispania haikumlainisha.

Filamu ni ya Kihispania, na padri aliyeahidi kututafsiria alikwama kwa mvua huko Nyakiyumbu. Watu wakaanza kunung'unika, wengine wakainuka. Basi Elena akachukua kipaza sauti, akasema maneno ya kila mtu wa filamuni kwa Kiswahili, mara ya mzee wa hadithi, mara ya mke wake. Kile Kiswahili ulichomfundisha jikoni! Akikosea, ukumbi mzima unacheka na kumsahihisha, naye anaendelea. Ila yule mzee alipoagana na mkewe, sikusikia kicheko tena. Wanawake walikuwa wanajifuta macho.

Taa zilipowashwa, mama akamvuta Elena, akamkalisha karibu yake.

"Nilifikiria unachezaka tu," akamwambia. "Kumbe ile ni kazi."

Kisha akawageukia watu: "Munamuona? Huyu iko mutoto wa mutoto wangu!"

Alisema "wa mutoto wangu", Baba Elena. Ni wewe huyo. Nimekuandikia haraka ili nawe utembee kifua mbele huko Valencia.

Mungu akutunze, tunakupenda sana.

Mama Elena