Yule Mpenzi wa Kwenye Filamu

Brooklyn, 9 Agosti 1929

Dada Olwen,

Kazi nimepata, na kinyaa juu yake. Ni filamu fupi ya dakika tisa, ya hizi mpya zinazosema: mimi na mpenzi wangu tunaimbiana bustanini. Maua ni ya karatasi, na kipaza sauti kimefichwa humo humo. Feni zimezimwa zisisikike, basi joto la taa likayayeyusha mafuta ya nywele ya mwenzangu, yakanidondokea shingoni.

Mwenzangu ni Clifford. Ndiyo, Clifford wako.

Aliponiona akacheka. "Kumbe shemeji! Olwen hajambo?" Kana kwamba si yeye aliyekuacha mlangoni mwa kanisa, Emrys akiwa tumboni mwako. Kisha akaniimbia kwamba ni mimi tu, milele, bila hata kupepesa macho.

Sauti hunaswa kwa mkupuo mmoja. Ukikosea, mnaanza upya. Sikukosea. Nilingoja ubeti wa mwisho, tunapokumbatiana, nikageuza mdomo mbali na maua, nikamnong'oneza: "Emrys ana miaka minne. Kila siku anauliza babake yuko wapi."

Uso ukamsawijika, midomo ikamcheza. Wimbo ulipoisha mwongozaji akapiga makofi. "Hapo sasa! Hayo ndiyo mapenzi!"

Filamu itafika huko kwenu Scranton mwezi ujao. Nenda kaitazame, watu watalia. Mtoto mwache nyumbani. Masikio yake na ya Clifford ni yale yale, atajiona.

Mdogo wako, ambaye bado ananawa shingo,
Nesta