Mama Niliyemfuta Madhabahuni

Mtaa wa Forest, Brussels. Jumatatu, katikati ya Novemba. Kuna ile mvua nyembamba isiyokulowesha kwa haraka ila inakufuata siku nzima. Nimetoka kazini Schuman saa nne asubuhi, nimepika, nimefua, nimepiga deki sakafu iliyokuwa safi. Kazi yangu ni kusafisha ofisi za watu, na nikijikuta nyumbani nasafisha kisicho kichafu, najua nina jambo.

Jambo lenyewe nitalisema mapema nisije nikakimbia. Jana kwenye kanisa letu la Wakongomani nilitafsiri uongo. Sikukosea neno. Kiingereza na Kiswahili nilivisoma shule, utotoni tulipokuwa wakimbizi Kigoma, na ndiyo maana wageni wa kanisa nawatafsiria mimi. Nilisikia vizuri, nikaelewa vizuri, kisha nikasema kitu kingine.

Nina aibu.

Niliyemtafsiria anaitwa Dana. Ni Mmarekani, jirani yangu wa ghorofa ya chini, yuko hapa kwa mkataba wa miaka miwili katika ofisi moja ya Quartier européen, mtaa wa ofisi za Umoja wa Ulaya. Tulifahamiana kwa sababu ya takataka. Alikuwa anatia kila kitu kwenye mfuko mweupe, chupa, magazeti, maganda ya ndizi, na mifuko yake ikawa inaachwa pale pale barabarani. Nikamfundisha rangi za mifuko na siku zake. Tangu hapo kila Jumamosi anapanda kwangu kunywa chai ya tangawizi, na mandazi anakula kuliko mimi.

Mwezi uliopita aliniambia kwao ni Wayahudi. Alisema hivi hivi tu, huku anakung'uta unga wa sukari vidoleni. Mimi nikaacha kumimina chai.

Inabidi nieleze. Kanisani kwetu Mwisraeli ni mtu wa Biblia. Tuna bendera yao kando ya madhabahu, tuna pembe ya kondoo dume ambayo pasteur, mchungaji wetu, huipuliza siku za kufunga na kuomba, na Sayuni tunaiimba kila wiki. Lakini Myahudi mwenyewe, mwenye soksi na namba ya simu, sijui kama kuna hata mmoja wetu aliyewahi kuketi naye. Kichwani mwangu Wayahudi waliishia kwenye Matendo ya Mitume, na wangeonekana tena siku za mwisho. Hapo katikati sikuwahi kujiuliza walikuwa wanafanya nini.

Kumbe walikuwa wanashona suruali.

Baba wa babu yake Dana aliingia New York kwa meli akitokea upande wa Urusi, akashona suruali katika chumba kile kile alicholala na mke na watoto. Babu yake akakata mkia wa jina la ukoo ili apate kazi, na watoto akawakataza lugha ya nyumbani wasije wakachekwa shuleni. Wakapata gari, wakahamia nje ya mji penye majani ya kukata siku ya Jumamosi, siku ya Sabato, ambayo yule mzee wa suruali hakugusa hata kiberiti. Sinagogi lao la mjini likauzwa kwa Wamarekani weusi wakalifanya kanisa, na nyota za Daudi madirishani zipo mpaka leo. Dana amewahi kwenda kuziona, akaketi kwenye ibada, hakuna aliyemuuliza kitu. Baba yake akaoa Mkatoliki. Basi Dana akakulia nyumba ambayo Desemba ina mishumaa ya sikukuu ya Kiyahudi mezani na mti wa Krismasi pembeni.

Sasa hivi binamu yake mmoja amerudi kwenye dini kwa nguvu zote, sufuria za nyama mbali, za maziwa mbali. Kwa huyo, Dana si Myahudi, maana Uyahudi hupita kwa mama. Binamu mwingine ni mwanamke na ni rabi, mwalimu wa dini anayeongoza sinagogi, na kwake Dana ni Myahudi bila mjadala. Na hao wawili wenyewe hawasemezani kwa ajili ya mambo ya Israeli, hata Pasaka hawali meza moja. Dana aliniambia amechoka kufanya mtihani wa kuwa yeye. Kila anayemsahihisha, alisema, anaanza na swali la mama.

Hayo aliniambia mimi, mezani kwangu, tena kwa sauti ya chini.

Mimi nikaenda kutangaza kwenye kwaya kwamba chini ya sakafu yangu anaishi Mwisraeli.

Wiki mbili nimekula sifa. Kanisani mimi ni mtu wa viti vya nyuma, nasafisha ofisi na watu wanajua. Ghafla akina maman ambao salamu yao ilikuwa kuinua nyusi wakawa wananishikia nafasi. Wakaniuliza anakulaje, analalaje, je, anaomba akiangalia upande gani. Nilijibu yote. Nilivikwa kilemba cha ukoka, nami nikakikaza vizuri kisidondoke. Dana nilimwambia tu kwamba tunaimba vizuri, aje asikie.

Ukumbi wetu ni wa kukodi, nyuma ya stesheni ya Gare du Nord. Jana walituketisha mbele kabisa, kwenye viti vyenye vitambaa vyeupe, na pasteur hakungoja hata sadaka.

"Bon, leo Mungu ametuletea mutoto wa Abrahamu, wa damu kabisa," alisema. "Dada, karibia hapa. Alors, utuambie, uko wa kabila gani mu Israeli?"

Nilimtafsiria Dana swali. Alicheka kwa haya, akaitazama ile bendera, akanitazama mimi. Kisha akajibu kwa Kiingereza, polepole, ili nisipate taabu. Alisema kabila halijui. Alisema baba yake ni Myahudi na mama yake ni Mkatoliki, anaitwa Maureen, ni muuguzi, na kwamba wapo Wayahudi wanaomhesabu na wapo wasiomhesabu. Alisema amekuja kwa sababu Solange ni jirani yake na anampenda.

Solange ni mimi.

Nikashika maikrofoni nikasema, "Anasema yeye ni wa kabila la Yuda, kwa baba na kwa mama, na Mungu amemtuma kutubariki."

Vigelegele vilivyopigwa sijawahi kuvisikia tangu tuhamie ukumbi ule. Watu walijipanga kumgusa bega. Mmoja alimfuta jasho kwa leso kisha leso akaikunja vizuri akaitia kwenye mkoba. Dana alikuwa anatabasamu kama mtu aliyeingizwa kwenye picha ya harusi asiyoalikwa, na kila mara macho yake yalinitafuta. Mimi nilikuwa nainamisha kichwa, eti naomba.

Kwenye tramu aliniuliza swali moja tu. Kwa nini walishangilia hivyo alipowaambia mama yake ni Mkatoliki?

Nikamwambia sisi Wakongomani ndivyo tulivyo, tunashangilia kila kitu. Yaani badala ya kukiri nikalisingizia taifa zima. Akaitikia kwa kichwa, akageukia dirishani mpaka tunashuka.

Ningeweza kukaa na uongo ule. Najijua. Ningeupaka rangi, ungezoea nyumba. Lakini leo mchana Maman Furaha amegonga mlango wangu. Ni mama mzima, tumetoka naye mji mmoja, Bukavu, na figo zake zimechoka. Mara tatu kwa wiki hospitali wanamfunga kwenye mashine ya kusafisha damu. Amekuja na mvua hii hii, kwa tramu mbili, kavaa kitenge cha sikukuu.

"Solange, mi siombi mambo mingi," alisema kabla hata ya kukaa. "Aniwekee tu mukono huku ku mugongo, cinq minutes. Ile damu iko damu ya Yesu. Akinishika, kesho siendi tena ku mashine, nimeisha kupona."

Nilitakiwa kumwambia pale pale. Nikamwambia Dana yuko kazini, nikampa chai, nikamsindikiza kituoni. Nikabaki nimesimama na mwavuli wake, ameusahau, na kesho ndiyo siku yake ya mashine.

Saa kumi na mbili na nusu nilisikia mlango wa chini. Nikashuka. Sikuingia, nilisema nikiwa koridoni ili nisije nikapewa kiti nikalainika. Nilimwambia Dana kila neno, alichosema yeye na nilichosema mimi, na habari ya Maman Furaha. Nilingoja anifokee. Kufokewa kungenisaidia.

Hakufoka. Alivua koti lake taratibu, akalitundika. Akasema tangu jana alijua kuna kitu, maana habari ya mama yake haijawahi kushangiliwa na mtu. Kisha akaniuliza, "Kwa hiyo mama yangu ulimweka wapi?"

Akasema usiku mwema, akafunga mlango, bila kuubamiza.

Nikapanda, nikampigia Maman Furaha simu kabla ujasiri haujaisha. Nikamwambia Dana hakusema yeye ni wa Yuda, mama yake ni muuguzi Mkatoliki, na maneno yale niliyatunga. Nikamwomba kesho aende hospitali.

"Donc ulitudanganya ku mazabahu," alisema. "Mbele ya Mungu na maikrofoni." Halafu akasema, "Kesho nitaenda. Usinipigie tena juma hii." Akakata.

Sasa niko mezani, na nimegundua aibu ya jana si ya jana.

Swali la Dana sikuweza kulijibu kwa sababu kufuta mama wa mtu si mara yangu ya kwanza. Kanisani wanajua mama yangu ni wa Uvira, mji wa kwetu Kongo. Niliwaambia mimi. Mama yangu hakuwa wa Uvira. Alizaliwa ng'ambo ya mto Ruzizi, upande wa Rwanda, akaolewa na baba yangu Bukavu, akajifunza kusonga bugali na kuomboleza kwa lugha ya wakwe. Vita vilipokuja kutoka Rwanda, watu wakaanza kuulizana mama zao. Yeye mwenyewe ndiye aliyenifundisha njiani: ukiulizwa, sema Uvira. Nilikuwa na miaka tisa na lilikuwa neno la kuokoa maisha, silijutii.

Lakini Brussels hakuna aliyenishikia panga. Hapa nilisema Uvira kwa sababu kanisa letu limejaa watu waliofiwa na vita, na nchi ile ikitajwa meza hunyamaza, nami nilitaka kupakuliwa chakula kama wengine. Mama alipofariki Kigoma tulimfanyia matanga hapa, kwenye ukumbi ule ule. Niliposimama kueleza maisha yake, nilisema alizaliwa Uvira. Nilimzika mara ya pili, na safari hiyo kwa jina la mahali pasipo pake. Watu walilia nami. Walichanga. Nililala vizuri usiku ule, na hilo ndilo linalonitesa sasa hivi kuliko yote.

Na Dana, ambaye angeweza kusema "wa Yuda" akapata vigelegele vyake kihalali machoni pa watu wale, alisimama mbele ya watu asiowajua akamtaja mama yake kwa jina na kwa kazi.

Jumapili nitaomba maikrofoni. Wakininyima nitasema bila maikrofoni, sauti ninayo. Nitaanza na Maureen, muuguzi, Mkatoliki. Dana sitamwomba aje. Sijui kama atapanda tena Jumamosi kunywa chai, na sina haki ya kumuuliza.

Halafu nitamtaja wa kwangu. Ila najifahamu: nikingoja mpaka Jumapili nitapata homa Ijumaa. Ukurasa wangu huu wa mtandaoni unasomwa na nusu ya kwaya, nawaona mnavyoweka vidole gumba bila kusoma hadi mwisho. Leo someni hadi mwisho.

Mama yangu aliitwa Mukamana. Alikuwa Mnyarwanda.