Nilimpa Babu Wilfred Mgongo

Castle Vale, Birmingham
2 Februari 2025

Mpendwa Baba,

Habari za Nyamira? Goti lako limepoa, ama bado unapanda mlima kwa fimbo? Mimi ni mzima, ila baridi ya huku haina adabu.

Baba, nimeharibu kazi. Nilikueleza kuhusu Babu Wilfred, mzee wa miaka mia moja ninayemhudumia. Wakati wa vita vya Hitler alikuwa mpiga bunduki kwenye mkia wa ndege ya mabomu. Wenzake wote wamekufa. Kuldip, wa chama kinachohifadhi masimulizi ya wanajeshi hao, aliniachia rekoda ya kunasa sauti kwa sababu Babu hufungua mdomo ninapomnyoa ndevu tu. Jumanne akaanza kusimulia jinsi ndege yao ilivyowaka moto. Alipofika kwa rubani wao, Len, akalia. Nami nikafanya mlivyonilea: nikazima rekoda, nikatoka, mtoto asione machozi ya mzee. Niliporudi alikuwa amenyamaza, na mpaka leo hataki kuendelea. Kifua chake kinazidi kuwa kibaya. Akienda, Len anaenda naye. Je, nimwombe mzee wa watu alie tena?

Binti yako,
Kerubo

Nyamira
9 Februari 2025

Binti yangu Kerubo,

Salamu zimefika, na mama yako amekukumbuka mno. Goti langu liko palepale, liache.

Nimecheka, halafu nikaona huruma. Mmoja analia, mwingine anatoka. Huyo Mzungu atakuwa amedhani hadithi yake imekuchosha. Mweleze kwa nini ulitoka. Kisha nyamaza, aamue mwenyewe. Usimbembeleze kama mtoto anayeachishwa ziwa.

Baba yako

Castle Vale, Birmingham
21 Februari 2025

Mpendwa Baba,

Nawasalimu nyote. Mimi sijambo, ingawa macho yamevimba.

Nilimweleza. Kumbe ulisema kweli, alidhani amenichosha. Akacheka hadi akakohoa, akasema, "Basi washa hicho kidude, ugeuke uangalie dirishani." Nikampa mgongo mzee mzima, Baba. Nje watoto walikuwa wanatoka shule.

Alisema Len aliwaamuru waruke, kisha akaishikilia ndege isipinduke, huku akiwaita mmoja mmoja kwenye simu ya ndani ya ndege ili ajue nani ameondoka. "Wilf, uko?" Babu akajibu kwamba anaruka. Lakini kipaza sauti cha barakoa yake ya oksijeni kilikuwa kimeganda barafu. Yeye alimsikia Len, Len hakumsikia. Akajibu tena, akapiga kelele, na sauti ile ikazidi kuuliza, bila hasira, "Wilf, uko?" Moto ulipomfikia akaruka. Hajui rafiki yake alimngoja kwa muda gani kabla ya kuanguka na ndege. Mamake Len aliambiwa tu kwamba mwanawe alikuwa shujaa.

Nikamsikia Babu analia, nami nalia upande wangu. Halafu akauliza, "Kerubo, uko?"

Sauti ilinikwama. Baba, sijawahi kuogopa hivyo kwa kushindwa kusema neno moja. Mwishowe nikajibu.

"Niko, Babu."

Kuldip anasema sauti ya mhudumu huwa inakatwa kwenye rekodi. Hii Babu amekataza isiguswe.

Binti yako,
Kerubo