Mimi Si Mtu, Mimi Mnyonya Damu

4 Februari

Kwako Fundi,

Salamu zikukute mzima, wewe na wote mnaokaa pamoja. Mimi sijambo, ila miguu inauma kwa kusimama, maana kazi yangu ni kuongoza filamu, na huko viti ni vya wengine.

Ndani ya kasha hili kuna chapa ya meno ya msichana wa miaka kumi na moja. Namtaka awe mnyonya damu. Nahitaji chonge mbili za juu, ndefu, za kuvaa na kuvua, zisizomfanya awarushie wenzake mate akisema. Daktari wa meno aliyechukua chapa ndiye aliyenielekeza kwako. "Yuko fundi mmoja," alisema, "akitengeneza meno ya bandia, hata wenye meno yao wanayatamani. Tena mnaitwa jina moja." Nikamuuliza yukoje. Akasema ni mfupi, hacheki ovyo, na ana alama ya kuungua kidevuni.

Fundi, namjua mtu mmoja tu aliyejiunguza kidevu kwa kunywa maziwa moja kwa moja kwenye sufuria iliyo motoni. Nilikuwepo. Tulikuwa darasa moja na jina moja, ndiyo maana tukaitana somo. Tulikuwa na miaka kumi na moja, sasa nina thelathini na minane. Kama si wewe, samahani kwa maneno mengi, tengeneza meno tu. Kama ni wewe, mbona kimya miaka ishirini na saba?

Somo yako (kama ni wewe)


19 Februari

Somo yangu,

Ni mimi. Kidevu ni kile kile. Nashukuru kwa salamu, mimi mzima, mgongo tu unanisumbua kwa kuinamia meza. Baba yangu amestaafu kazi ya barabara, siku hizi anajenga mabanda ya kuku wakati kuku hana. Mama yako je? Bado anavaa vile viatu vyeupe vya uuguzi?

Barua yako niliianza nimesimama, nikaimaliza nimekaa, kisha mteja akagonga kioo akidai meno yake. Sikujua nikujibu nini, ndiyo maana wiki mbili zimepita.

Tuje kwenye kazi. Chonge za mtoto huyu bado ni za utoto. Umri huo hung'oka wakati wowote, na zikishang'oka chapa hii haina kazi tena. Harakisha. La pili, sitengenezi meno bila kujua yatafanya nini. Ni ya kuuma, ya kusema, au ya kutishia tu? Nitumie hadithi yenyewe niisome.

Umekuwa mwongozaji wa filamu! Wewe uliyekuwa ukifumba macho muziki wa filamu ya kutisha ukianza tu! Kweli watu hukua.

Somo yako


26 Februari

Somo yangu mpenzi,

Hujambo tena? Huku sote wazima. Mama amestaafu, lakini kila mgeni lazima ampime joto. Nilipomwambia nimekupata alisema, "Yule mwembamba aliyekuwa akitumalizia mkate?" Ndiyo, yule yule.

Hadithi ni hii, nimekuwekea nakala nzima. Kwa kifupi, kuna mtoto ambaye mama yake muuguzi anashinda kazini. Baada ya shule, na likizo nzima, mtoto anabaki chumbani peke yake na agizo moja: usimfungulie mtu. Umeanza kutambua? Siku moja anasikia hodi. Anajibu, "Mama amesema nisimfungulie mtu." Sauti ya nje inasema, "Mimi si mtu, mimi mnyonya damu." Na kwa kuwa mama hakusema lolote kuhusu wanyonya damu, mlango unafunguliwa.

Sikubuni hata neno, Somo. Jumapili iliyotangulia tulikuwa tumeangalia filamu ya mnyonya damu kwa jirani mwenye televisheni, watoto tisa sakafuni, na tulichoelewa ni kimoja tu, kwamba mnyonya damu haingii mpaka akaribishwe. Kabla ya siku ile nilikuwa nimehesabu mbao za dari mpaka nikazipa majina. Wewe ndiye uliyebisha hodi ukaniokoa na mbao.

Mwisho una huzuni kidogo. Mnyonya damu anaondoka siku moja bila kuaga, maana ndivyo walivyo, na mtoto anabaki mpweke kuliko mwanzo. Wafadhili wameupenda sana mwisho huo. Tunapiga picha mwezi wa nne.

Somo yako mwenye furaha


30 Machi

Kwa Mwongozaji,

Salamu. Huku wazima. Narudisha chapa ikiwa salama. Kazi hii sitaiweza. Tafuta fundi mwingine, hawakosekani.

Fundi


5 Aprili

Somo yangu,

Hujambo? Mimi mwili mzima, moyo sijui. Hilo neno "Fundi" pale chini limenichoma. Nimegeuza barua yako mara tatu nikitafuta maneno mengine nyuma. Hakuna. Kama nimekukosea, niambie. Hata mwizi husomewa shtaka lake.

Kama ni ule mwisho, nami uliniuma kuuandika. Lakini ndivyo ilivyokuwa. Asubuhi tulikuwa tunacheza, mchana nikashuka ngazi nikakuta chumba chenu kimefagiwa, hata msumari wa kalenda umeng'olewa. Hukusema neno. Nimejiambia miaka yote kwamba mtu mzima husamehe. Kumbe nilikuwa nimekunja tu na kuweka kabatini.

Habari nyingine ni kwamba chonge ya kushoto ya mtoto wetu imeng'oka. Ameing'oa mwenyewe kwa uzi na kitasa cha mlango, akaniletea kwenye karatasi akicheka na pengo lake. Imebidi tusogeze upigaji picha hadi mwezi wa tano, kwa hiyo hata ukikubali tunaanza upya. Ikatae kazi ukitaka, Somo. Usinikatae mimi.

Somo yako


11 Aprili

Somo,

Leo sikuulizi hali kwanza, nina hasira. Nitakuuliza mwishoni.

Asubuhi ile hatukucheza. Nilikuja kukuaga! Lori lilikuwa chini na magodoro juu, baba anatazama saa. Nikapanda ngazi nikabisha hodi. Kimya. Nikabisha ya pili. Nilikusikia ukipumua, ulikuwa pale pale nyuma ya mlango. Nikabisha ya tatu. Honi ikalia, nikashuka. Najua, ningeweza kupiga kelele kwamba tunahama. Lakini nilijua nikitamka neno moja zaidi nitalia, na sikutaka unikumbuke nikilia. Habari ya kuhama nilikuficha wiki mbili, kwa kuwa nilitaka zile wiki mbili tucheze tu. Nikadhani majirani wamekwambia, umekasirika, hutaki kuniona. Nikaona una haki. Ndiyo maana sikuwahi kukuandikia.

Halafu unaniandikia kwamba mpweke ulikuwa wewe! Ile ilikuwa shule yangu ya tano. Barabara ikiisha tunahama, barabara ikiisha tunahama. Mtoto mwenye marafiki hapandi ngazi kubisha mlango wa mtoto ambaye hajawahi kuzungumza naye hata darasani. Siku nne nilikusikia ukiimba peke yako dirishani. Siku ya tano nikajipa moyo. Yale maneno ya "mimi si mtu" nilikuwa tayari nayo, niliyafanyia mazoezi ngazi nzima.

Angalia filamu zote za wanyonya damu unazozijua. Yule wa ndani ana kitanda, ana taa, ana mama atakayerudi jioni. Mpweke ni yule aliye nje, anayeomba akaribishwe. Wewe umeandika filamu nzima na hujamwona.

Mama hajambo? Mwambie ule mkate niliula kwa njaa ya kweli, baba hakujua kupika.

Somo yako, hata hivyo


15 Aprili

Somo yangu,

Mama hajambo. Wewe kaa chini kwanza, kisha usome.

Sikukasirika. Sikujua lolote. Nilikuwa nacheza! Umesahau sheria tuliyoiweka juzi yake ili mchezo urefuke? Aliye nje haruhusiwi kusema chochote ila hodi, aliye ndani haruhusiwi kutoa sauti, atakayeanza kuvunja ameshindwa. Nilikuwa nimejaza kitambaa mdomoni nisicheke. Huko kupumua ulikokusikia ni kicheko kilichokuwa kikitafuta njia puani. Ulipobisha ya tatu nilikaribia kupasuka. Kisha kimya. Nikatoa kitambaa, nikapiga kelele, "Nimeshinda!" Nikafungua mlango ili nikucheke, na hukuwepo. Nikadhani umekwenda kununa kidogo. Nilikungoja mpaka mchana ndipo nikashuka. Miaka yote hii sikuwahi kufikiri kwamba zile hodi tatu ndizo zilikuwa kwaheri.

Nilishinda, Somo. Ni ushindi wa pekee maishani mwangu ambao ningeurudisha leo hii bila kudai chochote.

Nimelia ofisini hadi msaidizi wangu akadhani wafadhili wamejitoa. Na ni kweli, yule wa nje sikumwona. Nilikuwa nimeshughulika mno na mtoto wangu wa ndani. Mwisho wa hadithi nimeuchana, na sijui nitaweka nini. Ninachojua ni kwamba chonge haziwezi kutumwa kwenye kasha, lazima fundi aje azipachike mwenyewe mdomoni mwa mtoto.

(Uongo. Najua zinaweza kutumwa kwa kasha. Njoo.)

Somo yako


24 Mei

Somo yangu,

Ulifika salama? Mgongo unasemaje baada ya safari? Na yule mteja wako mzee aliyekufanya uwahi kurudi, meno yake yaliwahi harusi ya binti yake? Siku mbili ulizokaa hazikutosha kitu. Pale kituoni sikukutambua mpaka ulipokataa kunipa begi nikubebee, hapo nikajua ni wewe, mbishi wangu. Mama ananuna eti umekula kidogo.

Sehemu ya mwisho hukuiona, ngoja nikusimulie. Niliandika miisho sita nikaitupa yote. Siku yenyewe nikamwambia yule mtoto anayeigiza wa ndani, "Sikupi maneno. Utasikia hodi, fanya utakavyoona." Yule wa nje akapanda ngazi, chonge zako mdomoni, zimekaa utadhani amezaliwa nazo. Nilitegemea ukimya mrefu. Leso nilikuwa nimeshaitoa. Akabisha hodi, moja tu, na mlango ukafunguliwa kabla hajashusha mkono.

"Kata!" nikasema. "Mbona upesi hivyo? Hukuona umwache angoje kidogo?"

Akanitazama vile watoto wanavyotutazama tukiuliza mambo ya ajabu. "Angoje nini? Si nimemsikia?"

Nikairudisha leso mfukoni. Tumeiacha hivyo hivyo. Filamu imepungua dakika tisa, na wafadhili wamevimba maana waliahidiwa machozi.

Sasa kazi imekwisha, na nimeingiwa na hofu ya kitoto, nitaisema tu. Safari ile ulikuja kwa sababu ya meno. Mimi meno yangu yote yamo, sina la kukuagiza. Safari nyingine nitakuita kwa kisingizio gani?

Somo yako


29 Mei

Somo yangu,

Nilifika salama, na mgongo umeridhika. Mzee alipata meno yake siku moja kabla. Nasikia alicheka harusi nzima, hata kwenye hotuba za huzuni.

Jumamosi na Jumapili ijayo nafunga karakana, nakuja kwenu. Nilipokuwa nabandika karatasi mlangoni kwamba fundi hayupo, jirani yangu muuza miwani akaja kusoma. Mwaka wa kumi huu hajawahi kuniona nikifunga. Akaniuliza nimepata kazi gani huko niendako. Nikamwambia hakuna kazi. Akashusha sauti, akauliza kama kuna msiba. Nikamwambia hakuna msiba, hakuna harusi, hakuna mgonjwa.

"Sasa unakwenda kufanya nini?"

Nikamwambia nakwenda kucheza.

Somo yako