Santuri ya Babu na Faili la Mjomba

Ijumaa, 28 Februari
Mada yangu ya maonyesho ya sayansi imekubaliwa! Mwalimu Pagán ameandika "vizuri" pembeni, naye haandiki hivyo ovyo. Swali: kwa kusikiliza hip-hop, ipi bora – santuri au faili la kidijitali la ubora wa juu? Darasa letu litatoa mmoja tu wa kwenda maonyesho ya Bronx nzima, hapa New York. Nataka niwe mimi. Naandika hapa tu, sijamwambia mtu.

Swali lilizaliwa mezani kwetu. Babu Lucius alikuwa dijei wa mtaa huu kabla Mama hajazaliwa. Anasema santuri ina nyama, faili ni mifupa mitupu. Mjomba Dwight, mwenye kichezeshi kipya cha mafaili, akamjibu kwamba mzee anapenda vumbi, si muziki.

Jumamosi, 1 Machi
Nimetundika shuka sebuleni. Nyuma yake santuri ya Babu, na faili la wimbo uleule kutoka kwa Mjomba. Nililinganisha sauti kwa kipimo, maana inayozidi kidogo hudanganya sikio. Kila raundi nilirusha sarafu kuchagua ipi ipigwe, Babu akataja ni santuri au faili.

Babu – kumi kwa kumi! Hakukosa hata moja!

"Dwight, mwanangu," akasema, "hicho kikopo chako kirudishe dukani. Waambie kimepigwa na mzee."

Mjomba alitafuna mbawa zake za kuku. Nimeruka mpaka jirani wa chini akagonga dari.

Jumapili, 2 Machi
Kuna kitu. Babu alijibu mapema mno, kabla ngoma haijaingia.

Nimesikiliza tena peke yangu. Kabla tu ya kile kipande cha ngoma tupu, santuri inatatarika kama mafuta kikaangoni. Faili haliko hivyo. Nikamuuliza.

"Hilo kovu nimelitia mimi," akasema, tena kwa fahari. Vijana walitaka kipande hicho kirudiwe na kurudiwa wacheze. Basi alivuta sahani ya santuri nyuma kwa mkono, sindano ikiwa juu yake, miaka na miaka. Mfereji inamopita sindano ukalika.

Kwa hiyo hakutambua ubora wa santuri. Alitambua kazi ya mkono wake. Kumi kwa kumi yangu haina maana.

Jumatatu, 3 Machi
Yadira, rafiki yangu, hakuona tatizo. Kumi kwa kumi ni kumi kwa kumi, we vipi, nani atajua?

Nilishawishika. Kama dakika tano.

Nikamweleza Mwalimu Pagán. Hakunigombeza. Aliuliza tu: ufanyeje ili kovu liwe pande zote mbili? Jibu likaja lenyewe – nirekodi santuri hiyohiyo ya Babu, kovu na yote, iwe faili la ubora wa juu. Kisha niipambanishe na nakala yake! Matokeo nipeleke Jumatatu ijayo.

Lakini Babu anaweza kushindwa.

Jumamosi, 8 Machi
Nimemwambia Babu kila kitu.

"Yaani unataka kuninyang'anya kumi zangu?"

"Ndiyo, Babu."

"Mbele ya Dwight?"

"Ndiyo, Babu."

Akavuta kiti, akaniambia, "Haya, washa, mama."

Naandika nikiwa nyuma ya shuka, wimbo ukipiga. Yadira yuko upande wa Babu na Mjomba, ananakili majibu. Raundi ya kwanza, sahihi. Ya pili, kosa. Ya tatu, kosa. Ya nne, sahihi. Ya tano, kosa.

Ya sita sasa. Ni faili nililorekodi. Kovu limepita, ngoma imeingia, Babu hajajibu.

"Mzee, sema basi," Mjomba anamchokoza.

"Nyamaza, nasikiliza."

Kwenye upenyo wa shuka naona mkono wake wa kulia tu. Umeinuka gotini. Vidole vinavuta hewa nyuma, taratibu, kama sahani iko chini yake.

"Rudia, mama," anasema. "Hapo hapo."