Unarudi Lini Kwenu, Mzaramo?

Igoma, Jumapili, Juni 1978

Mtani wangu Masalu,

Leo ni miaka thelathini na mmoja na miezi minne tangu niteremke kwenye treni pale stesheni ya Mwanza na sanduku langu la bati, na ni majuma sita tangu tukuzike. Barua hii nimeianza Alhamisi. Usicheke. Ukurasa mmoja hunichukua siku mbili, kwa sababu maneno mengine hayaji nikiyaita. Hujileta yenyewe baadaye, nikiwa naoga, nami hutoka bafuni na mapovu kuja kuyaandika kabla hayajaondoka tena. Mke wangu Zena amezoea.

Nilikuja kwa miaka miwili tu, karani wa kupima pamba. Ulinikuta nimekalia sanduku, ukaniuliza kabila. Niliposema Mzaramo ulicheka mpaka watu wakageuka, ukalinyanyua sanduku langu ukaenda nalo kwako bila kuniomba ruhusa. Nikakufuata mbio. Ndivyo watani walivyo: wazee wenu walibeba mizigo mpaka pwani kwetu, wakatukanana na wazee wetu njia nzima, wakatuachia sisi wajukuu haki hiyo. Jioni ile ulinilisha michembe, viazi vyenu vya kukausha, na maziwa, ukaniuliza, "Umefuata nini huku? Nazi hazioti. Unarudi lini kwenu, Mzaramo?"

Nami kwa kiburi cha mtu wa pwani nikakujibu, "Siku wewe Msukuma utakapokijua Kiswahili, ndiyo siku nitakayorudi."

Swali hilo uliniuliza karibu kila siku, na jibu langu lilikuwa lile lile. Hata serikali ilipotangaza kisomo cha watu wazima, nikawa mwalimu wa darasa letu la ghalani, ulikaa mstari wa mbele na kitabu chako cha kilimo cha pamba, ukisoma kwa sauti ya mtu anayeita ng'ombe ng'ambo ya mto: "Pan-da ma-pe-ma!" Ulikuwa mwanafunzi wangu mkubwa kuliko wote na mkaidi kuliko wote. Nilikuangusha mtihani kwa sababu ulisoma "habali" badala ya "habari". Nilifanya hivyo mbele ya watu, na nilicheka. Jambo hilo sikuwahi kukuomba radhi, maana mtani haombwi radhi. Basi leo nakuomba, kwa kuwa huwezi kuninyima.

Unaikumbuka siku nilipopotelewa na maneno? Mgeni wa wilaya alikuja kukagua darasa. Alikuwa kijana mpole, akasema, "Ndugu mwalimu, tueleze maendeleo ya kisomo hapa kijijini." Nilikuwa na hotuba nzima kichwani, yenye methali tatu. Nikasimama, nikafungua kinywa, nikasema:

"Marahaba."

Hakuna aliyekuwa ameniamkia. Mgeni akatazama chini kwa aibu, akaniamkia. Nikajaribu tena. "Marahaba." Watu wakadhani najivuna. Ni wewe pekee uliyeona mkono wangu wa kulia umelegea, ukaniwahi kabla sijaanguka.

Daktari kule mjini alimweleza Zena kwamba kiharusi kimegusa sehemu ya kichwa inayotunza maneno. Kinywa ni kizima, akasema, na akili ni nzima. Iliyokatika ni njia ya kati. Alisema kweli. Nilimjua kila aliyeingia wodini. Nilijua ninachotaka kusema, nikakiona kabisa kama unavyoona samaki kwenye maji maangavu, na nikitia mkono niliibuka na "marahaba". Muuguzi akiniuliza ninaumwa wapi: marahaba. Zena akiniuliza chai au uji: marahaba, akaniletea vyote viwili. Tuliporudi Igoma, balozi wa nyumba kumi akaja kuuliza kama mimi mgonjwa nisamehewe zamu yangu katika shamba la kijiji, au nitalima nusu ekari kama wenzangu. Nikamjibu kwa heshima zote. Akaandika kwamba mwalimu amekubali kulima, akanisifu kwenye mkutano. Nusu ekari hiyo uliilima wewe, na Zena aliniambia ulinitukana tuta kwa tuta.

Watu walinihurumia sana, Masalu. Walikuja wakakaa, wakasema nami kwa sauti ya kubembeleza mtoto. Nikianza kuhangaika na neno, walilimalizia wao, tena wakalikosea, nami nikaitikia kwa kichwa ili wasione vibaya. Baada ya mwezi nikaona ni nafuu kunyamaza. Nilijifunza kutazama ukuta. Hilo ndilo lililomtisha Zena kuliko ugonjwa wenyewe, akaja kwako analia.

Kesho yake ulikuja baada ya kukamua ng'ombe, na kigoda chako kwapani. Ukakaa mbele yangu.

"Mwangaluka, Mzaramo," ukaniamkia kwa Kisukuma. "Wenzangu wanakuja kukupa pole. Mimi nimekuja kukutukana. Nyinyi Wazaramo ni watu wa ngoma na kulala, dunia nzima inajua, ila wewe umezidi. Umelaza mpaka ulimi."

Nilitaka kukujibu kwamba nyinyi hamwezi kucheza ngoma bila kumshika nyoka mkononi. Nililiona jibu hilo lote. Halikutoka.

"Hujibu? Unaijua kanuni. Mtani asiyejibu hutoa kitu." Ukasimama, ukamkamata kuku wetu mwekundu, ukaondoka naye.

Siku ya pili ulisema Mungu aliitia bahari yetu chumvi kwa sababu Wazaramo ni wavivu wa kwenda kuinunua dukani. Ukachukua mwavuli. Siku ya tatu sikumbuki tusi, nakumbuka sufuria kubwa ikitoka mlangoni na Zena akiifuata. Ukachukua kofia yangu ya lasi, kinu na mchi, taa ya chemli, kiti cha kupumzikia. Kila asubuhi tusi moja, na kila asubuhi nyumba ikapungua. Majirani wakaanza kunong'ona kwamba Msukuma amerukwa na akili, anamfilisi mgonjwa. Mkeo alikuwa akituletea chakula kwa mlango wa nyuma, kwa kuwa sasa tulikuwa hatuna cha kupikia.

Halafu asubuhi moja ukaangaza macho chumba kizima, ukakikuta kitupu, isipokuwa kitanda na sanduku la bati lililokuwa chini yake. Miaka yote ile sikuwahi kuweka kitu humo zaidi ya kanzu mpya na viatu, vya safari ya kurudi. Ukalivuta. Ukalinyanyua begani kama siku ile ya stesheni.

"Huyu haendi tena popote," ukamwambia Zena, si mimi. "Bubu atawasalimu vipi kwao? Nitaliwekea mbegu za pamba."

Ukafika mlangoni.

"Rudisha!"

Mwenyewe nilishtuka. Nilitazama nyuma nione nani amesema. Ukaliweka sanduku chini taratibu, ukageukia ukutani, ukajifuta uso kwa pindo la shati. Kisha ukanigeukia na uso wa msiba na kunijibu:

"Marahaba."

Zena alicheka mpaka akakaa chini.

Kuanzia hapo ulinitoza. Kitu kilirudi nikikitaja jina, na si vinginevyo. Ulisimama uani umekishika, mimi nikitokwa jasho mlangoni kama mtu anayesukuma lori. Mwavuli niliuita "nyumba ya mvua", ukasema humiliki kitu cha namna hiyo, ukarudi nao kwako. Zena alinisihi, "Baba Mwajuma, sema sufuria, nakuomba, watu wana njaa!" Sufuria ilichukua siku tisa. Kuku nilimtaja kwa jaribio la kwanza, nikafurahi, mpaka nilipogundua kwamba alikuwa ameangua vifaranga kumi na kimoja kwako.

"Vifaranga hukuvitaja," ukasema.

Vitu vilipokwisha ukaja na kitabu cha pamba. Ukakishika wewe, mimi nikafuata kidole chako. Ghalani pale hapakuwahi kuwa na mwalimu mkali kama wewe. Nikikosea uligonga kigoda kwa fimbo ya kuchungia. Sentensi yangu ya kwanza kamili baada ya miezi mitano nilimwambia mke wangu mezani. Nilitaka kumshukuru kwa samaki sato wa kukaanga. Nikamwambia, "Ng'oa masalia ya pamba na kuyachoma." Akanijibu, "Ahsante, mume wangu." Na ilipofika siku nikamuuliza jirani "Habali za asubuhi?", Zena alipiga makofi: "Nilipeleka Mzaramo hospitali, nimerudishiwa Msukuma!"

Tuliahidiana, unakumbuka, tukila mahindi ya kuchoma barazani kwangu, kwamba atakayetangulia atataniwa kaburini na mwenzake, kama desturi. Ukanionya, "Ukinyamaza siku hiyo, Mzaramo, nitatoka niseme mwenyewe."

Ikaja ile homa ya mwishoni mwa masika. Siku nne tu.

Nilijiandaa. Zena alinisikiliza mara nyingi, na kila mara nilifika mwisho bila kukwama. Lakini pale kaburini palikuwa na watu wengi, ewe mwalimu wangu, na jeneza lilikuwa fupi kuliko nilivyokufikiria. Wakaniita: mtani yuko wapi? Nikasogea. Nikafungua kinywa, na ndani hamkuwa na kitu. Hata marahaba haikuwemo. Wanao wakatazama miguu yao. Nikasikia mtu akisema, mwacheni mzee wa watu, ni mgonjwa. Nilijua nikirudi nyuma pale sitasema tena mpaka nife, na wewe nitakuwa nimekuzika kama mtu asiye na mtani.

Kando ya jeneza walikuwa wameweka kigoda chako. Nikakumbuka kanuni.

"Mwangaluka, Masalu," nikasema. Nikatega sikio. "Hajibu," nikawaambia watu. "Mtani asiyejibu hutoa kitu."

Nikakinyanyua kigoda begani, nikaondoka nacho. Nilikwisha fika kwenye uzio wa minyaa, ndipo nyuma yangu sauti ya mkeo ikapasua msiba mzima:

"Rudisha!"

Wakacheka, Masalu. Wakacheka na kulia kwa pamoja, na mimi nikageuka na maneno yakaja kama ng'ombe wakiona maji. Nikasema nitakirudisha siku mwenyewe atakapokitaja jina. Nikasema hatukuona Msukuma mwizi kama huyu, amekwenda huko na vifaranga vyangu kumi na kimoja. Nikakutakia habali njema na safali njema, kwa matamshi yako, na hakuna aliyenisahihisha.

Kigoda hicho ndicho nilichokalia sasa.

Nimerudi ghalani kufundisha, siku mbili kwa wiki. Darasa limejifunza kungoja nikitafuta neno, na hakuna anayenimalizia. Anayesoma "habali" anapasi. Mkeo ameanza herufi. Ni mkaidi kama wewe, na nakuahidi nitamfikisha mwisho wa kitabu cha pamba hata ikinichukua miaka. Sanduku nimempa. Ameweka mbegu.

Ndugu yangu wa kwetu Kisarawe ameandika tena kuuliza narudi lini. Kiswahili ulikwisha kukijua zamani, nami ndiye niliyechelewa kukupa jibu. Kwa hiyo lala salama, mtani, na usiniulize tena.

Sirudi.

Kondo