Darasa Lako la Uzuri Wamenipa Mimi

Mwalimu,

Wamenipa darasa lako. Naandika nikiwa na aibu, maana ungekuwa hai wasingelifungua tena.

Tangu miaka ya tisini, nikiwa mwanafunzi wako, ulifundisha falsafa ya uzuri: kwa nini kitu kinatugusa tukikitazama, na kama tuna haki ya kuguswa. Ndugu zako huko Kajiado walidhani unafundisha wasichana kujipamba. Ulicheka tu. Mkuu wa idara hakucheka. Alisema hakuna kampuni inayoajiri mtu wa kutazama vitu, akalifunga darasa. Ukapewa maadili ya biashara, ukayafundisha ukiwa na suti yako ileile mpaka ukastaafu, ukabaki nyumbani Kitengela. Mimi nilikuwa ng'ambo, nasomea somo hilohilo ulilonifanya nilipende.

Nakumbuka ule mwaka wa ukame, ulipotupeleka soko la mifugo Kajiado. Ng'ombe walikuwa mifupa mitupu. Jua la asubuhi lilipita ndani ya vumbi, kila kitu kikang'aa. Nikasema, "Mwalimu, hii ni picha nzuri sana."

Mzee mmoja alikuwa akihangaika kumwinua ng'ombe wake kwa mkia. Hukunikaripia. Ulivua koti, ukaenda kushika naye. Sisi tukakufuata, tukasukuma mpaka yule ng'ombe akasimama akitetemeka. Ndipo ukanigeukia.

"Sasa tazama tena, Auma. Bado ni nzuri?"

Nilitazama. Ilikuwa bado nzuri, na nikatamani kuficha uso.

"Basi," ukasema, "hapo ndipo somo linaanza."

Siku tulipokuzika, upepo ulikuwa unapeperusha shuka za wazee, na mlima uliokuwa nyuma yao ulikuwa wa buluu. Nikaona ni pazuri. Mwalimu, uko ndani ya sanduku na mimi naona pazuri! Watu walidhani ninalia kwa majonzi peke yake.

Halafu zikaja rambirambi kutoka vyuo vya ng'ambo. Wakubwa wa chuo wakashtuka kwamba ulikuwa unajulikana. Darasa likafunguliwa haraka, na mkuu yuleyule akanipigia simu, anakusifu kana kwamba hakuwahi kukufukuza humo.

Jumamosi nilienda kwa mkeo, Mama Nasieku. Nilikuwa nimeshaamua kukataa. Nikamwambia kulichukua darasa lako ni kama kumvua mtu viatu akiwa amelala. Alinimiminia chai, akakaa.

"Na ukikataa, watampa nani?"

"Hakuna mtu, Mama. Litafungwa."

"Kwa hivyo unataka wamfungie mara ya pili, ndio wewe usione aibu?"

Nilikunywa chai ikiniunguza. Mama aliinuka. Alinionyesha chumba chako. Mjukuu wako analala humo sasa, na vitabu vyako amevipanga upya kwa rangi. Ungekasirika. Au ungefurahi, sijui.

Nimekubali, Mwalimu. Naanza Jumatatu. Aibu bado niko nayo na sidhani itaisha.

Ninakuahidi hili: kabla sijafundisha chochote, nitalitaja jina lako. Nitawaambia wanafunzi kwamba somo hili lilifungwa wewe ukiwa hai na nguvu zako, na nitasema aliyelifunga ni nani, hata akiwa amekaa pale mbele kunipigia makofi.

Olesere, Mwalimu, kama mnavyoagana kwenu. Pumzika.

Mwanafunzi wako,
Auma